Mtoto anayekoroma kila usiku hajalala vizuri

Huku kwetu Bukavu, mashariki mwa Kongo, mtoto akikoroma watu wanafurahi. Utasikia koko, yani bibi, anasema "muache alale, usingizi umemushika kabisa," na mwingine anaongeza kwamba baba yake naye anakoromaka hivo hivo, basi ni ya familia, mambo yameisha. Mimi nataka niseme wazi hapa: mtoto mdogo anayekoroma kila usiku, si ile wiki ya mafua tu, nasema kila usiku, mwezi unaisha mwingine unaanza, yule mtoto hapumui vizuri. Na mara nyingi sana kinachomziba kiko nyuma ya pua, mahali ambapo hata ukimfungulisha kinywa na kumulika na tochi ya simu hutakiona.

Mimi ni mwalimu wa primeri, nafundisha darasa la pili, si daktari. Haya ninayoandika nimeyajua kwa kukaa na madaktari wakati mtoto wa mdogo wangu alikuwa anasumbuliwa, alafu nikaendelea kusoma, juu nilikuwa na hasira, nilikuwa naona kitu kinachojulikana vizuri kabisa duniani kinapita nyumba kwa nyumba huku kwetu na jina la uongo.

Jina lake ni adenoidi. Madaktari wetu waliosoma kwa Kifaransa wanasema vejetasio, na wamama wengi wanasema tu nyama za puani. Ziko hivi. Pua yako haiishii pale kwenye matundu, inaenda nyuma mpaka juu ya koo, juu ya ile sehemu laini ya kaakaa, na pale darini ndo adenoidi zimekaa. Ni nyama ya aina moja na zile tonsili mbili za pembeni ya koo, kazi yake ni kukutana na mikrobi inayoingia na hewa na kuufundisha mwili kuitambua. Kila mtoto anazo. Zinakua hasa kati ya miaka 3 na 7, alafu kuanzia kama miaka 8 zinaanza kupungua, na kijana akifika umri wa kubalehe mara nyingi zimebaki kidogo sana. Kwa hiyo kuwa nazo si ugonjwa. Tatizo ni pale zinapovimba na kubaki zimevimba, tena ndani ya kichwa cha mtoto ambamo nafasi yenyewe ni ndogo, na hapo pua inazibika kutoka nyuma. Unampengesha, unampengesha tena, hakuna kinachotoka, na bado hawezi kupitisha hewa, kwa sababu kilichoziba si kamasi.

Kwa nini kwa huyu na si kwa ndugu yake wanaolala kitanda kimoja, hilo hata daktari hawezi kukujibu kila mara. Lakini yapo mambo yanayozichokoza na yanajulikana: mafua ya kurudia rudia, aleji, na moshi. Sasa angalia maisha yetu. Mvua inaanza mwezi wa tisa inaenda mpaka wa tano, mbabula, lile jiko la makaa, inahamia ndani juu nje kunanyesha, makala yanawaka karibu na kitanda, ukuta una unyevu na ukungu mweusi kwenye kona, watoto wengi chumba kimoja, mafua ya huyu hayajaisha ya yule yameanza. Kama kuna kitu kimoja unaweza kufanya bila franka hata moja ni kutoa ile mbabula kwenye chumba cha kulala na kumwambia mvuta sigara wa nyumba atoke nje. Makala yanaua pia kwa ile gesi isiyo na harufu, hilo tunalijua kutokana na misiba, lakini hata siku ambazo hayaui mtu, pua ya mtoto inavuta kila kitu.

Sasa nije darasani, juu huko ndiko mimi ninapoliona hili tatizo vizuri kuliko mahali pengine.

Mtoto mwenye adenoidi kubwa ana kinywa wazi muda wote. Midomo imekauka, imepasuka, wakati mwingine udelele kwenye kola ya shati. Sauti yake inatoka kama mtu aliyeshikwa pua: herufi zinazohitaji pua, m na n, hazitoki, kwa hiyo anasoma "mama" na wewe unasikia karibu "baba", na wenzake wanacheka. Wakati wa kula fufu anachelewa, anatafuna alafu anasimama avute hewa, juu hawezi kutafuna na kupumua pamoja. Mwaka ukipita miwili ikipita namna hiyo, uso wenyewe unaweza kubadilika: unakuwa mrefu, kaakaa la juu linapanda na kuwa jembamba, meno ya juu yanabanana. Mtu mzima anamwangalia anasema mtoto huyu ana sura ya ujinga. Nimesikia maneno hayo kwa masikio yangu, yakisemwa mbele ya mtoto.

Na kibaya zaidi hakionekani, kiko kwenye masikio. Kuna mrija mdogo unaotoka nyuma ya pua kwenda sikio la kati, ndo unaoingiza hewa mle, ndo unaofunguka ukimeza mate ukiteremka kilima haraka na masikio yakafunguka. Mdomo wa ule mrija uko jirani kabisa na adenoidi. Zikivimba, mrija unafungwa, hewa haiingii, na nyuma ya ngoma ya sikio kunajaa maji, na maji yakikaa yanakuwa ute mzito wa kunata. Mtoto haumwi. Hana homa. Sikio halitoki usaha. Anasikia, lakini anasikia kama mtu anayesikiliza redio ya jirani kupitia ukuta: anajua kuna mtu anaongea, maneno yanapotea. Upungufu wenyewe mara nyingi ni kama desibeli 20 hadi 30, na kunong'ona ni kama desibeli 30, sasa weka mtoto huyo benchi la nyuma, darasa limejaa, mvua inapiga mabati, mwalimu anasoma dikte. Ataandika nini? Ataandika nusu. Tutasema hasikii la mtu, ana kichwa kigumu, na jioni nyumbani atapigwa juu ya zile alama.

Mtu wa kwanza kuyaunganisha haya yote vizuri kwenye maandishi alikuwa daktari wa Copenhagen kule Denmark, Wilhelm Meyer, mwaka 1868. Yeye ndo alieleza kwamba hizi nyama za nyuma ya pua ndo zinaleta pua kuziba, sauti kufa na masikio kupungua, yote pamoja kwa mgonjwa mmoja, na akaanza kuzitoa. Yani zaidi ya miaka 150 watu wanajua. Kila nikifikiria hilo moyo unaniuma, juu kuna watoto wetu wanaacha shule kwa sababu ya ute ulioko nyuma ya ngoma ya sikio.

Usiku nao una dalili zake, na hapa mzazi ndo mwenye macho, daktari hayupo. Mtoto anakoroma, sawa, lakini sikiliza vizuri: je, kuna wakati kukoroma kunasimama, kimya, kifua bado kinahangaika, alafu anashtuka na kuvuta hewa kwa nguvu? Huko ni kupumua kunakokatika. Analala kichwa kimetupwa nyuma, anageuka kitanda chote, anatoka jasho hata usiku wa baridi, anakojoa kitandani wakati alikuwa ameshaacha. Asubuhi anaamka na kichwa kinauma na hasira. Na mchana, tofauti na mtu mzima, mtoto aliyekosa usingizi si lazima asinzie, wengi wanakuwa na fujo, hawatulii, wanapigana, hawawezi kumaliza kazi moja. Wengine hawaongezeki hata kilo. Chukua simu, mrekodi video akiwa amelala, uache ionyeshe kifua na uso, na uipeleke hivo kwa daktari. Ile video fupi inamsaidia kuliko maelezo yako ya nusu saa, na mzazi asiye na simu nzuri aazime ya jirani usiku mmoja.

Mtoto wa mdogo wangu alikuwa na karibu miaka mitano hizi dalili zilipokuwa zote zimejaa. Wanakaa Kadutu, nyumba ya mbao kule juu, na nyumbani kuna koko, mama mkwe wake, mwanamke mwenye akili na moyo mzuri ambaye amelea watoto wengi. Koko akasema ni kilimi. Na hapa ndo nataka nikae kidogo.

Kilimi ni kile kinyama kinachoning'inia katikati nyuma ya koo, kila mtu anacho, fungua kinywa mbele ya kioo utakiona. Huku kwetu, na kwa majirani zetu Tanzania na Kenya pia na nchi nyingine nyingi za Afrika, mtoto akikohoa sana, akikataa kula, akikoroma, akitapika, watu wanasema kilimi kimerefuka, kikatwe. Na wapo wanaokikata nyumbani, kwa wembe au kisu kilichopindwa, bila dawa ya maumivu. Watoto wanavuja damu mpaka wanakufa. Wengine wanapata tetanasi, wengine damu yao inaoza kwa mikrobi, na wembe uliopita kwa mtoto mwingine unaweza kubeba virusi vya ukimwi na vya ini. Na baada ya yote hayo adenoidi ziko pale pale, juu zaidi, hazijaguswa, mtoto anaendelea kukoroma. Kuna jambo lingine ambalo watu hawalijui: kilimi na kaakaa laini ndo vinavyofunga njia ya pua unapomeza na unapoongea. Mtu aliyekata akakata na sehemu ya kaakaa amemwachia mtoto shimo lisilofungika vizuri, uji unatokea puani, sauti inatoka yote puani, na siku daktari atakapotaka kutoa adenoidi atasita, kwa sababu zile nyama ndo zilikuwa zinasaidia kuziba lile pengo.

Mdogo wangu alimwambia mama mkwe wake kwa heshima kabisa, "Mama, mutatuachilia kwanza tumuonyeshe kwa dokta, akisema ni kilimi tutarudi kwenu." Na koko akakubali. Mimi namheshimu sana kwa lile jibu lake, alisema tu "muende, mimi nataka mutoto apone, sitaki kushinda." Familia nyingi zingepona mambo mengi kwa sentensi kama ile.

Kabla ya hapo, kusema kweli, walishazunguka. Kituo kimoja cha afya kila wakipita walikuwa wanapewa antibiotiki, sirope ileile yenye rangi ya waridi, na dawa ya kikohozi. Hakuna aliyeangalia masikio. Antibiotiki zina kazi yake kama kuna bakteria kweli, sikio linalouma na homa, kamasi nzito zisizoisha na mtoto anaumwa, hapo daktari ataamua. Lakini haziondoi adenoidi iliyovimba, na kuzinywesha kila mwezi ni kuzifundisha bakteria za nyumba nzima kuzizoea. Zile matone za kuzibua pua haraka, zinazouzwa kwenye kila farmasi ya Nyawera, nazo si za kutumia wiki na wiki, pua inazizoea na kuziba zaidi, na kwa mtoto mdogo zinaweza kuwa hatari. Na naomba sana, mafuta ya aina yoyote msitie puani mwa mtoto, mafuta yanateremka mpaka kwenye mapafu na kuyaharibu.

Daktari mnayemtafuta ni wa ORL, yani wa masikio, pua na koo. Huku mashariki ni wachache, na kutoka Walungu au Kabare au Idjwi kumfikia ni safari na pesa, hilo nalijua vizuri na sitaki kulipita kama si kitu. Ndo maana inafaa ukifika uwe na kila kitu tayari: video ya usiku, karatasi za dawa zote alizokunywa, mwalimu wake anasema nini. Ataangalia koo na tonsili, ataangalia ngoma za masikio, na kama ana vifaa ataingiza kamera nyembamba ya kupinda kupitia tundu la pua, inasumbua dakika moja na inaonyesha zile nyama moja kwa moja. Pasipo kamera, wengi wanatumia radio, yani picha ya eksirei, ya kichwa ya upande, inaonyesha kivuli cha adenoidi na njia ya hewa iliyobaki. Radio inasaidia, lakini inabadilika kama mtoto alikuwa analia au kinywa kilikuwa wazi, kwa hiyo daktari mzuri hamkati mtoto juu ya kivuli, anaunganisha kivuli na dalili. Mwombeni apime kusikia pia, au angalau aeleze kama kuna maji nyuma ya ngoma.

Na si kila pua iliyoziba ni adenoidi. Tundu moja tu linatoa kamasi yenye harufu mbaya na damu kidogo: mara nyingi ni haragi au punje ya hindi au kipande cha sponji ambacho mtoto alijitia mwenyewe, msichokonoe nyumbani, mpelekeni. Kijana wa kiume aliyeshabalehe anayeziba pua na kutoka damu nyingi puani, huyo anahitaji kuangaliwa haraka, kuna uvimbe wa mishipa ya damu unaowapata wavulana wa umri huo na haupaswi kuguswa ovyo.

Sasa matibabu. Watu wengi wanadhani ukifika kwa ORL ni kisu tu. Si hivo. Kama mtoto anakoroma kidogo, anakua vizuri, anasikia vizuri, kusubiri na kufuatilia ni matibabu halali kabisa, juu nafasi ya pua inakua na adenoidi zenyewe zitapungua. Wakati wa kusubiri kuna kuosha pua na maji ya chumvi, serumu ya farmasi, au ya nyumbani: nusu lita ya maji yaliyochemshwa yakapoa na kijiko kidogo cha chai cha chumvi, kisichojaa, mnatengeneza mapya kila siku. Kuna spreyi ya kortikoidi ya puani, kama mometasoni au flutikasoni, inayopulizwa kila siku kwa wiki kadhaa, na kwa watoto wengine inapunguza uvimbe vya kutosha kuahirisha au kuepuka operasio, hasa wenye aleji. Haifanyi kazi siku moja, wazazi wanapuliza siku tatu wanasema haina maana wanaacha. Kichwa kiiname mbele kidogo, ncha ya spreyi ielekee upande wa sikio na si kwenye ukuta wa katikati ya pua, juu ule ukuta ukipulizwa kila siku unatoka damu. Wengine wanaandikiwa montelukasti, vidonge vya jioni. Muulize daktari vizuri, kwa sababu tangu 2020 mamlaka ya dawa ya Marekani imeiwekea onyo kali la mabadiliko ya tabia na hisia, mtoto akianza ndoto mbaya au huzuni isiyo ya kawaida mrudi mara moja.

Kuna utafiti mmoja ninaoupenda kwa sababu unasema kweli pande zote. Ulifanywa Marekani ukatoka 2013, watoto 464 wa miaka 5 hadi 9 ambao kupumua kwao kulikuwa kunakatika usingizini, si wale wa hali mbaya kabisa. Nusu walitolewa tonsili na adenoidi mapema, nusu wakasubiri wakifuatiliwa. Baada ya miezi 7, usingizi ulikuwa umerudi kawaida kwa asilimia 79 ya waliofanyiwa operasio, na kwa asilimia 46 ya waliosubiri. Waliofanyiwa walikuwa na tabia bora mchana na maisha mazuri zaidi, lakini kwenye mtihani wa umakini tofauti haikuonekana. Kwa hiyo operasio inasaidia, inasaidia sana, na bado karibu nusu ya waliosubiri walipona bila kisu. Mzazi anayeambiwa "lazima kesho" kwa mtoto ambaye hana hatari ana haki ya kuuliza kwa nini kesho.

Lakini pale kupumua kunapokatika kila usiku, mtoto haongezeki, au masikio yamejaa maji kwa miezi mitatu na zaidi na shule inaharibika, au otiti, yani maambukizi ya sikio, zinarudi bila kuisha, hapo kuchelewa ndo kunadhuru. Kwa maji ya masikio, kwa mtoto wa miaka 4 na kuendelea, madaktari wanaweza kutoa adenoidi, au kuweka vibomba vidogo kwenye ngoma ya sikio, au vyote viwili, na kwa mdogo kuliko hapo wanaanza mara nyingi na vibomba, isipokuwa pua nayo imeziba.

Operasio yenyewe inapita kinywani. Hakuna kovu, hakuna uzi usoni, hakuna anayepasua pua, hilo swali ndo linaulizwa na kila mama. Mtoto analazwa usingizi kamili na daktari au fundi wa anestezi, kinywa kinafunguliwa na chuma maalum, kaakaa linainuliwa, na nyama zinatolewa kwa kifaa cha kukwangua au kwa kifaa cha umeme kinachochoma na kuzuia damu. Mara nyingi haizidi nusu saa. Wengi wanarudi nyumbani siku ileile, wengine wanalala usiku mmoja, hasa wadogo chini ya miaka 3 na wale waliokuwa wanakatika pumzi vibaya.

Mimi ningesema nguvu zenu zote wekeni kwenye maswali ya kabla. Nani atatoa anestezi, na je, kuna ile mashine ya kidoleni inayopima oksijeni muda wote, na baada ya kuamka nani atakaa naye? Mtoto amewahi kutoka damu isiyokatika, siku alipotahiriwa, au alipong'oka jino? Semeni, hata kama hamkuulizwa. Kuna jino linalotikisika? Semeni. Daktari aangalie pia kaakaa na kilimi, kilimi kilichogawanyika mara mbili kinaweza kuwa dalili ya kaakaa lenye kasoro iliyofichika. Na kwa sisi Wakongo kuna swali lingine kubwa, ugonjwa wa SS, yani selimundu. Watoto wa SS wengi wana tonsili na adenoidi kubwa, na kukosa oksijeni usiku kunaweza kuwaamshia maumivu ya mifupa, kwa hiyo wao wanaweza kufaidika sana na operasio, lakini wanahitaji maandalizi tofauti, maji ya kutosha mwilini, joto, oksijeni, damu kuangaliwa. Kama hamjui hali ya mtoto, ombeni kipimo kabla. Akiwa na homa au kikohozi kibichi siku ile, operasio inasogezwa, na mtu asikasirike. Chakula kinasimama saa 6 kabla, maziwa ya mama saa 4, maji matupu saa 2, na hapa koko na shangazi wote waambiwe, huruma ya kumpa mtoto kikombe cha masoso alfajiri inaweza kumfanya atapike akiwa usingizini na kitu kiingie mapafuni.

Kuhusu pesa, ombeni karatasi iliyoandikwa yote pamoja: konsultasio, radio, vipimo vya damu, anestezi, kitanda, dawa. Wenye mituele ya afya, yani bima ya kuchangia pamoja, waulize kabla kama operasio imo ndani. Tuliona familia imekusanya pesa ya operasio, na anestezi ikaja kama bei nyingine mlangoni. Hilo halipaswi kutokea kwa mtu yeyote.

Baada ya operasio mtoto anaamka analia, amechanganyikiwa, inapita. Koo linauma, sikio linauma pia ingawa halijaguswa, shingo inakaza kidogo, na kinywa kinanuka kwa wiki moja hivi, hiyo ni kidonda kinapona, si kuoza. Parasetamoli kwa kipimo cha kilo zake, ibuprofeni kama daktari amekubali. Aspirini hapana. Kodeini hapana kabisa, Marekani tangu 2013 waliikataza kwa watoto baada ya operasio hii, kuna watoto ambao mwili wao unaigeuza haraka kuwa morfini na wanaweza kuacha kupumua. Anywe sana, ale anachoweza, uji, masoso, ndizi laini, na fufu itarudi yenyewe. Siku chache za kupumzika, karibu wiki moja bila shule na bila kukimbia. Kutoka damu kunatokea kwa chini ya mtoto 1 kati ya 100, lakini damu nyekundu mbichi puani au kinywani, au mtoto anayemeza meza usiku bila sababu alafu anatapika damu, ni kurudi hopitali saa ileile, hata usiku, hata kwa pikipiki. Homa kali, au shingo iliyokaza upande mmoja isiyogeuka, rudi pia. Sauti ikitoka sana puani siku za mwanzo ni kawaida, ikiendelea wiki na wiki daktari aione.

Baba wa mtoto aliogopa jambo lingine: wakizitoa kinga si inaisha? Ni swali zuri. Mwili una nyama nyingine nyingi za kazi ileile, na watoto waliofanyiwa hawaonekani kuwa wagonjwa wa kinga. Ila mwaka 2018 ulitoka utafiti uliofuata rekodi za watoto zaidi ya milioni 1 wa Denmark, na waliotolewa tonsili au adenoidi kabla ya miaka 9 walionekana baadaye kuwa na magonjwa ya njia ya hewa zaidi kuliko wengine. Utafiti wa rekodi hauwezi kuthibitisha kwamba operasio ndo sababu, huenda wale watoto tangu mwanzo walikuwa na njia ya hewa dhaifu. Kwangu maana yake ni kwamba zitolewe kwa mtoto anayezihitaji kutolewa, na kwa asiyezihitaji ziachwe.

Mtoto wetu alifanyiwa. Kukoroma kuliisha haraka, masikio yalichukua muda zaidi, na hapo ndo watu wengi wanakosea: wanaona analala kimya wanasema amepona, hawarudi kontroli. Ute wa sikio unaweza kubaki wiki nyingi baada ya pua kufunguka. Mrudisheni apimwe kusikia tena, na mpaka hapo mwalimu wake aambiwe amweke benchi la mbele, amwangalie usoni anapoongea naye. Kinywa nacho kinaweza kubaki wazi kwa mazoea hata kama njia iko wazi, mkumbusheni polepole bila kumpiga. Na kukoroma kukirudi baada ya miezi, hasa kwa aliyefanyiwa akiwa mdogo sana, adenoidi zinaweza kuota tena, au ni tonsili, au ni aleji ambayo haikutibiwa, kwa hiyo chukueni tena ile simu, mrekodi usiku, na mrudi kwa daktari na video mpya.